Sekunde Nilizompunguzia Kaka Yangu

Nakumbuka, mwanangu, jioni ya kwanza niliyomdanganya kaka yangu. Ilikuwa miaka ya hamsini, Uhuru bado, nasi tulikaa Susuni, nyumba yetu ikiwa juu kidogo ya malisho ya ng'ombe. Nilimdanganya kwa sekunde chache tu, chache kuliko muda wa kufunga kamba ya kiatu. Sehemu hiyo ya habari bado inanitia aibu, uzee wote huu. Iliyobaki naisimulia kifua mbele, na ukinisikiliza hadi mwisho utajua kwa nini.

Kaka yangu aliitwa Chacha. Alikuwa na miaka ishirini, mimi kumi na minane. Alikuwa ameacha shule na kurudi kulima na kuchunga, lakini kukimbia hakukuacha. Kila kiangazi kulikuwa na michezo mjini Tarime, na mbio alizozitamani zilikuwa za maili moja. Wawili wa kwanza walipelekwa Mwanza kushindana na watu wa jimbo zima, na ilisemekana wakubwa wa polisi hukaa pale kutazama vijana wa kuajiri. Chacha alitaka kazi hiyo kuliko alivyotaka kuoa, na kwa kijana wa Kikurya wa siku zile hilo si neno dogo.

Mwalimu wake wa zamani alikuwa amemfundisha jambo moja. Maili ni mizunguko minne ya kiwanja, alimwambia, na anayetaka kuimaliza vizuri lazima ajue kila mzunguko ameukimbia kwa sekunde ngapi, asije akala nguvu zote katika miwili ya kwanza. Basi Chacha akapima malisho yetu kwa kamba, akachomeka vijiti kuzunguka, kisha akatafuta mtu wa kumhesabia.

Mtu huyo nikawa mimi, kwa kuwa nilikuwa na saa. Nilikuwa msaidizi katika zahanati ndogo ya misheni, chini ya mkunga mmoja Mjaluo aliyeitwa Mama Perusi. Yeye ndiye aliyenifundisha kuhesabu mapigo ya moyo ya mgonjwa, na aliniazima saa yake ya zamani ya kinesi, ile inayoning'inia kifuani kichwa chini, yenye mkono mwembamba wa sekunde. Aliniruhusu kurudi nayo nyumbani ili nijizoeze kwa mapigo ya mama na ya wadogo zangu. Sikumwambia kwamba nilikuwa naipimia pia miguu ya kaka.

Jioni ile Chacha alikimbia mzunguko wa kwanza kwa sekunde sitini na nane, wa pili sabini na moja. Nilimtajia namba zake kila alipopita, naye akatabasamu. Mzunguko wa tatu ulikuja na sabini na tisa. Nikamwona anavyokuja, shingo imelegea, mate yamekauka midomoni, macho yananiomba. Nikasema, "Sabini na tatu." Wa nne ulikuwa themanini kamili. Nikasema tena, "Sabini na tatu." Akajitupa kwenye nyasi akicheka, na mimi nikacheka naye. Nilimpenda sana kaka yangu. Nilidhani nimempa zawadi.

Kesho yake nikafanya vilevile, na wiki zote zilizofuata. Uongo wa namna hiyo una urahisi wake, mwanangu, kwa sababu hakuna anayeumia mbele ya macho yako.

Siku ya michezo ilipofika tulitoka alfajiri kwa miguu, Chacha, baba, mimi na vijana wa kwetu. Kiwanja kilijaa watu, mistari imechorwa kwa majivu. Wakimbiaji walikuwa tisa. Aliyeogopwa zaidi alikuwa kijana mrefu kutoka Kerende, Marwa jina lake, mpole mpaka ungedhani amepotea njia. Filimbi ilipolia Marwa alitoka kwa kasi, na Chacha akamfuata unyayo kwa unyayo. Na kwa nini asimfuate? Kwa namba nilizompa mimi, alijua kwamba hata akianza kwa nguvu atapungua kidogo tu.

Mizunguko miwili alikuwa pale pale mgongoni kwa Marwa, na watu wetu wanapiga vigelegele. Wa tatu ukamshika. Sijui kama umewahi kumwona mtu akiishiwa kiwanjani. Mikono inapanda, hatua zinakuwa fupi, na wale aliowaacha nyuma wanampita mmoja mmoja bila kumtazama. Wakampita sita. Alifika mstarini wa nane, akapiga magoti akatapika. Mwenye saa ya mashindano alikuwa akitangaza namba kwa sauti, na mzunguko wa tatu wa Chacha ulikuwa sekunde themanini na mbili.

Tulikuwa tumeshafika nusu ya njia ya kurudi alipofungua kinywa. Alimwambia baba kwamba hajawahi maishani kukimbia mzunguko wa tatu kwa zaidi ya sabini na tatu, dada yake ni shahidi. Basi kuna kitu alichofanyiwa. Alipokuwa anakata kona nyuma ya Marwa, alisema, aliona mtu wa Kerende akitupa kitu kwenye nyasi, na hapo ndipo miguu ilipokufa. Baba alinigeukia akaniuliza kama hiyo hesabu ni kweli. Mimi nikatikisa kichwa kukubali. Uongo wangu mdogo ukawa ushahidi.

Maneno yakasambaa kijijini. Vijana rika la Chacha wakaanza kusema kwamba siku ya mnada wa ng'ombe, watu wa Kerende watakapokuja, Marwa ataulizwa vizuri. Nawe unajua vijana wenye fimbo wanavyouliza. Mnada ulikuwa baada ya siku tisa. Nilizihesabu zote, maana kuhesabu ndiyo kazi niliyokuwa naijua.

Zilipobaki mbili, nilikuwa na Mama Perusi zahanati, nimeshika mkono wa mtoto mwenye homa. Nilihesabu, nikapoteza hesabu, nikaanza tena. Akaniuliza nina nini. Nikamwambia, adabu yangu yote ya kumzungusha ikiwa imeniishia, kwamba nataka kujua kama ni vibaya kumwambia mtu namba nzuri kidogo kuliko ya kweli, ili apate moyo. Aliuliza ni nani niliyemwambia, nami nikamweleza kila kitu, saa, malisho, Chacha, Marwa na mnada.

Alimaliza kumfunika mtoto yule. Kisha akasema kwa sauti ya chini, "Binti, ukiniletea mapigo ya moyo unayoyataka wewe, nami nikatoa dawa kwa namba hiyo, mtoto akifa tutasema ameuawa na nani?"

Nilidhani atachukua saa yake anifukuze, na kwa kweli nilishaanza kuifungua kifuani. Akanizuia mkono. Alisema saa haina kosa, na kosa ni langu: namtazama mgonjwa usoni kabla ya kuandika. "Andika kwanza. Ukishaandika ndipo umtazame," akasema. "Na sasa nenda nyumbani. Kazi yako ya leo iko huko."

Mwanangu, nimezalisha wanawake wengi gizani na kwenye mvua, nimevuka mito iliyofurika nikiwa na kisanduku cha dawa kichwani. Hakuna njia iliyowahi kunielemea kama ile ya kutoka zahanati kwenda kwetu. Nilimkuta baba ameketi nje na Chacha na vijana wanne. Msichana hakuwa na ruhusa ya kuingilia kikao cha wanaume. Nikapiga magoti, nikaomba niseme, na baba akanipa nafasi kwa kudhani nimeletwa na ugonjwa wa mtu.

Nikawaambia kwamba Marwa hakufanya kitu. Chacha amekuwa akikimbia mzunguko wa tatu kwa sabini na tisa tangu siku ya kwanza, na wa nne kwa themanini, na namba za sabini na tatu nimezitunga mimi.

Chacha alisimama akaenda zizini. Baba akawaambia wale vijana waende makwao, na kwamba atakayemgusa mtu wa Kerende kwenye mnada atakuwa amemgusa yeye. Mimi hakunipiga wala kunikemea. Alisema tu, "Umechelewa, lakini umefika." Mnada ukapita salama.

Chacha hakuniongelesha kwa karibu mwezi. Nilimpakulia chakula, akala, akaondoka. Halafu jioni moja akaja nikiwa nachambua mboga, akasimama mlangoni na miguu yake mitupu. "Pima tena, Ghati," akasema. "Na safari hii nipe ya kweli, hata kama itaniua."

Haikumuua. Nilikuwa na daftari nililopewa na Mama Perusi, na kila alipopita niliandika kwanza, kisha nikainua macho. Namba za kweli zilikuwa chungu, lakini zilitufundisha jambo ambalo namba za uongo zisingeweza kamwe. Tuliona kwamba anapoanza na sitini na nane analipa sekunde kumi au zaidi huko mbele. Akianza na sabini na mbili, ambayo aliiona aibu kama kutembea, wa pili unakuja sabini na tatu, wa tatu sabini na nne, na bado anapumua kwa pua. Mwaka mzima tulizikusanya hizo sekunde. Mvua ilipokuja alikimbia kwenye matope. Wakati wa palizi alipalilia mchana na kukimbia jioni.

Mwaka uliofuata, Tarime, Mama Perusi alikuja nasi. Nilipoingia kando ya mstari wa majivu na saa yangu, msimamizi mmoja akaniambia wasichana wakae nyuma ya kamba. Mama Perusi, amevaa sare yake nyeupe, akamsogelea na kumweleza kwa adabu kwamba huyu ni msaidizi wake na yuko kazini. Yule bwana akatuacha.

Filimbi ilipolia mkono wa sekunde ulikuwa kwenye kumi. Niliandika. Marwa na wengine walitoka kama wanakimbiza wezi wa ng'ombe, na Chacha akabaki wa nane kati ya kumi. Watu wa kwetu wakaanza kumzomea. Nikamsikia baba nyuma ya kamba akisema, "Huyu mura amelala," mura kwetu ni kijana. Mkono ulipozunguka mara moja ukafika ishirini na mbili, Chacha akapita mbele yangu. Nikaandika, nikapaza sauti: sabini na mbili. Hakugeuza hata shingo. Mzunguko wa pili, sabini na mbili tena. Marwa alikuwa mbele yake kwa hatua arobaini, na nilitamani, wacha nikuungamie, nilitamani kumtajia namba mbaya ili ashtuke akimbie. Lakini nilikuwa nimeshaandika. Nikasema ile iliyoandikwa.

Katika mzunguko wa tatu, wale wa mbele wakaanza kufa mmoja mmoja. Chacha hakuongeza kitu. Walikuwa wanamrudia wao wenyewe. Alipopita kengele ikilia alikuwa wa tatu, na daftari langu likasema sabini na moja. Nilipoitaja, safari hii aliniangalia. Macho yale ya kuomba ya mwaka uliotangulia hayakuwapo. Alikuwa mtu anayejua kilichobaki mfukoni mwake.

Akachomoka. Kiwanja kizima kilisimama. Alimpita wa pili kwenye kona, na akamfikia Marwa zikiwa zimebaki yadi thelathini, wakaja bega kwa bega mpaka mstarini. Marwa akashinda kwa kifua. Mkono wa saa yangu ulikuwa kwenye hamsini na tatu: mzunguko wa mwisho sekunde sitini na nane, maili nzima dakika nne na sekunde arobaini na tatu.

Karani wa saa ya mashindano akatangaza: wa pili, dakika nne, arobaini na tatu. Akaniona nimeshika daftari, akaja akaliomba. Alijumlisha namba zangu nne kwa kidole, mara mbili, kisha akanirudishia kwa mikono miwili, jinsi unavyomrudishia mtu mzima kitu chake.

Chacha alimwendea Marwa kabla hata pumzi haijarudi. Akamweleza alichokuwa amemdhania mwaka uliopita, na akaomba radhi mbele ya watu wa pande zote mbili. Marwa alimshika mkono hakumwachia. Mwanza walikwenda pamoja. Huko hawakupata nafasi ya kwanza wala ya pili, lakini Chacha alirudi na kazi ya polisi, na Marwa akabaki rafiki wa nyumba yetu hadi tulipomzika. Mama Perusi naye aliniandikia mimi barua ya kwenda kusomea unesi. Na baba, aliyekuwa hajui kusoma hata namba moja, jioni ile alikuwa akimwambia kila tuliyekutana naye njiani, "Yule mwenye saa ni binti yangu."

Basi mwanangu, nasaha yangu ni hii. Ukiwa na mbio ndefu, za miguu, za shule, za ndoa au za kazi, usianze kwa kasi ya anayekutangulia. Anza kwa ile unayoiweza, uimudu hata katikati, ambako ndiko watu wengi huishia. Usiwasikilize wanaokuzomea mapema. Na kama umepewa kumpimia mwenzako, mpe kipimo kilivyo. Ukimpenda mtu, huruma yako iwe katika kukaa naye siku zote za mazoezi, kamwe isiwe katika kubadilisha namba. Na ukishakosea, rudi ukaseme kabla ya siku ya mnada, hata kama ni mbele ya kikao cha wanaume.

Mungu akujalie pumzi ya kutosha na miguu isiyochoka upesi. Akupe mtu mmoja maishani wa kukuambia ukweli wako bila kukuchukia, na akufanye wewe uwe mtu huyo kwa mwingine. Enenda kwa amani, mwanangu, na ufike.