Dhambi Ambayo Verlie Stegall Hakuitenda

Tarehe 8 Juni 1968, wimbo "Nakungoja Garini" ulifika nafasi ya kumi na moja katika orodha ya nyimbo za Weusi nchini Marekani, ukakaa hapo wiki mbili, kisha ukashuka. Kwenye santuri, chini ya jina la mwimbaji, mtunzi ametajwa kuwa C. Dandridge. Cleotha Dandridge, kinyozi wa Memphis Kusini, hakuwahi kutunga chochote maishani mwake, hata, kwa maneno ya mkewe Ozella, barua ya kuomba radhi.

Mtunzi ni binamu yake, Verlie Stegall. Ana miaka themanini na mitatu, na kwa miaka mingi ameketi benchi la mbele na akina mama wa kanisa, wote wakiwa wamevaa nyeupe.

Aliutunga jikoni, majira ya baridi ya mwaka uleule. Mumewe, Otha, alikuwa mzoa taka wa jiji, na wazoa taka walikuwa wamegoma. Wimbo unamhusu mwanamke aliyejikunyata ndani ya gari nje ya nyumba ya mume wa mtu, vioo vimeingia ukungu, akimngoja mwanamume asiyetoka. Verlie alikuwa na tatizo la kinyume. Mwanamume wake hakutoka nyumbani kwa wiki tisa, na alishinda mezani akiuliza sufuriani mna nini. Gari hawakuwa nalo.

Hakujua kusoma noti. Studioni aliwaimbia wanamuziki sehemu zao kwa mdomo, besi kwanza, tarumbeta baadaye, mpaka kila mmoja akashika yake. Lahani yenyewe aliitoa kanisani, kwenye wimbo ambao bibi yake aliuvuta polepole kabla ya maombi. Palipokuwa na Bwana akamweka mpenzi. Nusu ya watunzi wa muziki wa soul mjini walifanya kazi hivyo, na nusu nyingine walisema hawafanyi.

Siku zile kanisa lake lilimtenga mwanamke yeyote aliyejihusisha na muziki wa dunia. Wanaume lilikuwa likiwaonya tu. Ndiyo maana jina likawa la Cleotha. Malipo aliyafikisha yote kwa Verlie. Alichobaki nacho ni sifa. Kwa miaka arobaini aliwanyoa watu huku akiwasimulia jinsi alivyochungulia dirishani, akamwona yule mwanamke garini, akalia.

Verlie alitunga nyimbo nyingine tisa kwa jina hilohilo. Hakuna iliyopanda. Mwaka 1975 akaacha. Miaka minane baadaye, kiongozi mpya wa kwaya, asiyejua lolote, aliuchukua wimbo wa gari, akaweka ukingo wa mto mahali pa gari na Bwana mahali pa mpenzi, na tangu hapo ndio wimbo wa mazishi wa kanisa. Otha alizikwa kwa wimbo huo. Cleotha naye. Mara zote mbili Verlie aliimba sauti ya pili.

Mwaka huu chama cha mtaa kiliamua kuweka bamba la shaba kwenye njia ya miguu, nje ya kilichokuwa chumba cha kunyolea cha Cleotha, kumkumbuka mtunzi. Wakamwomba Verlie aseme maneno machache kwa niaba ya ukoo. Akakataa.

"Mume ameondoka, binamu ameondoka, meno yameondoka," alisema. "Nimebakiwa na wimbo mmoja. Nautaka kwa jina langu."

Jumatano moja alimweleza hivyo Mchungaji Tyrell Whitlow, mwanafunzi wake wa zamani wa shule ya Jumapili. Walikuwa jikoni mwa kanisa. Verlie na Ozella, mjane wa Cleotha, walikuwa wakichambua sukuma wiki ya chakula cha jioni.

"Mama Stegall," Mchungaji alisema, "wimbo huu tunazikia watu."

"Najua. Kwa Otha mpiga kinanda alikimbia mno."

"Nikiwatangazia waumini, wataniuliza gari lilikuwa la nani."

"Waambie halikuwepo."

Ozella alicheka mpaka akaweka kisu chini. Kofia ya sherehe ya bamba alikuwa ameshainunua, lakini kwa sasa aliona jambo tamu kuliko kofia. "Verlie, shoga yangu, acha hizo. Pale anapofuta kioo kwa mkono wa koti aone kama taa ya chumbani imezimwa? Mtu hawazi hayo akiosha vyombo."

"Mimi niliwaza nikiosha vyombo."

"Alikuwa nani? Yule wa bima? Sema tu, kashakufa."

"Hakuna cha mtu wa bima, Ozella."

"Basi yule shemasi mwenye macho yale."

"Otha alikuwa amekaa hapo mezani wiki tisa! Ningetokaje?"

"Ndiyo hapo sasa," alisema Ozella. "Miye ningetoroka wiki ya pili. Cleotha wangu alikuwa mwongo, lakini angalau alijua kusema yamempata."

Hilo ndilo Verlie asingeweza kulishinda. Mjini hapa mtu huimba yaliyompata. Kanisani ushuhuda hutolewa kwa kusimama, na huaminiwa. Baa nayo hufuata utaratibu huohuo. Mwanamke aliyekaa tu akabuni hana benchi popote.

Mchungaji akapendekeza njia, kwa upole. Jumapili Mama asimame, akiri dhambi ile ya gari, aombewe. Baada ya hapo yeye mwenyewe angekiambia chama kibadilishe jina.

"Kanisa litakusamehe, Mama. Litakusamehe kwa furaha."

"Linisamehe nini, mtoto wewe? Amri ya uongo ni ya ngapi?"

"Ya tisa, Mama."

"Niivunje mbele ya kwaya?"

Jumapili alisimama. Alisema wimbo ni wake. Alisema hakuwahi kumngoja mwanamume yeyote ndani ya gari lolote, kwamba aliubuni neno kwa neno, na kwamba ni kazi nzuri. Kisha sauti ikatoka nyuma: "Toa yote, Mama! Mwaibishe shetani!" Watu wakainuka, wakalia, wakamzunguka, wakamwombea. Kadiri alivyotikisa kichwa kukana, ndivyo walivyoona toba inavyomwingia.

Baada ya ibada wanawake watatu walimvuta pembeni, kila mmoja kwa wakati wake, wakamnong'oneza habari za magari yao wenyewe. Mmoja alitaja hata rangi. Mzee aliyekuwa hajamsalimu tangu miaka ya tisini alimvulia kofia.

Jumatatu Mchungaji alitimiza ahadi. Jumanne akina mama wa kanisa walikutana, wakafuata desturi yao kwa aliyekiri uzinzi: aondoke benchi la mbele kwa siku tisini. Verlie alisomewa uamuzi huo kwa simu, na Ozella.

"Usininunie," Ozella alimwambia. "Nilipiga kura ya ndiyo, lakini nilipiga nikikusifu."

"Jina kwenye bamba limeandikwaje?"

"Verlie Mae Stegall. Nimeliona kwa macho yangu."

"Basi siku tisini si nyingi."

Bamba litawekwa Jumamosi saa nne asubuhi. Verlie atasema maneno machache. Jumapili ataketi safu ya nne, na hapo atakaa hadi Septemba.