Mama Shani Yuko Tanga

Kila wiki kuna mtu anayemwandikia Adelard kuuliza Mama Shani atarudi lini kutoka Tanga. Jibu halijabadilika: dada yake bado hajapata nafuu, naye hawezi kumwacha. Watazamaji wanaridhika. Katika nchi hii mtu akisema anauguza, haulizwi tarehe.

Adelard ni mtayarishaji wa filamu na tamthilia, kazi ambayo wajomba zake kule Biharamulo wanaieleza kwa kusema "yuko kwenye televisheni", kisha wanamlaumu kwa kutoonekana. Anaishi Madale, kwenye nyumba aliyoijenga mpaka ikamshinda. Sebule imekamilika: vigae, mapazia mazito, kabati la vioo, na ngazi yenye kingo za rangi ya dhahabu inayopanda kuelekea ghorofa isiyokuwepo. Kwa miaka kumi na tatu matajiri wote wa filamu zake wameishi humo, na hakuna hata mmoja aliyewahi kupanda zaidi ya hatua nne.

Alianza kwa kurekodi sherehe, enzi hizo amepanga chumba kimoja Ubungo. Siku moja akaitwa harusini Kiwalani. Katika kutafuta pembe nzuri ya kumpata bibi harusi, akakanyaga mkeka. Muuza samaki mmoja, Bi Hamisa, akamgeukia.

"We baba wa kamera. Kwenu mikeka inakanyagwa na viatu?"

"Samahani mama, niko kazini."

"Na sie tuko kazini. Vua."

Hakuvua. Alikuwa na kanuni yake: mtu wa kamera havui viatu, kwa kuwa hajui ni saa ngapi atatakiwa kukimbilia pembe nyingine. Lakini aliporudi chumbani na kuutazama mkanda, aliona kwamba watu wote mia mbili wa harusi ile, bibi harusi akiwemo, walikuwa wanajifanya. Aliyekuwa wa kweli ni yule mama mmoja, tena akiwa amekasirika. Wiki mbili baadaye alirudi Kiwalani kumwomba awe mama katika filamu yake ya kwanza. Bi Hamisa akauliza kama atalazimika kuacha samaki. Akaambiwa hapana. Akakubali.

Adelard alikuwa na kanuni nyingine, hii ya hadithi: mama akifa, mambo yanatembea. Watoto wanarudi kutoka mbali, wosia unasomwa, baba wa kambo anajionyesha alivyo. Kwa hiyo Bi Hamisa akafa. Alikufa kwa sumu, kwa presha, kwa kuanguka kwenye ile ngazi ya dhahabu, na mara tatu kwa kupokea simu. Jumla alikufa katika filamu tisa. Aliweza kulala na nzi puani bila kutikisa kope. Waigizaji wengine huigiza kufa. Yeye alikuwa anaacha tu kuwepo. Kikwazo kilikuwa ndege. Nyingi kati ya filamu zile zilipigwa Kiwalani, jirani na uwanja wa ndege, na kila ndege iliyopita juu ilimlazimu afufuke, angoje, afe upya.

Mtaani wakamwita Marehemu. Mwinjuma, seremala aliye mkabala na nyumba yake, alimsalimia hivyo kila asubuhi.

"Marehemu, umeamkaje?"

"Salama. Nimetumwa nije kukuchukua."

Kisha Adelard akapata tamthilia kwenye kituo kimoja cha televisheni, siku tatu kwa wiki, na Bi Hamisa akawa Mama Shani. Miaka miwili ilikwenda vizuri. Wa tatu watazamaji wakaanza kupungua, na Jesca, msimamizi wa vipindi wa kituo, akamwita ofisini.

"Kaka Adelard, watu wanapoa. Dawa yake unaijua."

Aliijua. Jioni hiyo aliiandika kwenye daftari lake: Mama Shani anafariki Ijumaa ya mwisho wa mwezi. Alipanga kwenda Kiwalani kumwarifu mhusika. Hakuwahi, kwa sababu keshoye mhusika alikuja mwenyewe. Alipanda kilima cha Madale kwa miguu, akaingia sebuleni, akakaa kwenye ngazi.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Nipe maji kwanza."

Alikunywa polepole, akasema, "Juzi nimeanguka sokoni. Unajua watu walifanya nini?"

"Walikupeleka hospitali."

"Walicheka. Mmoja akawa anatafuta kamera imefichwa wapi. Mwinjuma akapiga makofi, akasema, 'Marehemu, leo umeua.' Mie nipo chini, pumzi haipandi, nasikia ninavyosifiwa." Akaweka bilauri chini. "Daktari anasema moyo umepanuka. Anasema nisihesabu miaka."

Adelard akamwongezea maji.

"Nimekufa mara tisa kwa ajili yako, mwanangu, na sijalalamika. Hii ya kumi nataka nife mwenyewe, kwangu, na watu waamini. Ukiniua tena kwenye hiyo tamthilia yako, nani atakuja kubeba jeneza? Watasimama barabarani wanangoja uwaambie imetosha."

Daftari lilikuwa mezani, limefunuliwa kwenye ukurasa ule ule. Bi Hamisa hakujua kusoma mwandiko wa Adelard, wala hakuna aliyejua, lakini alilifunga hata hivyo.

Jesca hakufurahi.

"Basi asafiri," alisema Adelard. "Aende Tanga, kuuguza dada yake."

"Mama wa tamthilia hasafiri, kaka. Anakufa au anarogwa."

"Huyu anasafiri."

Akapewa mwezi mmoja. Watazamaji wasiporudi, tamthilia inaondolewa, na sebule ya Madale itabaki bila tajiri wa kuishi ndani yake. Adelard akaenda Kiwalani na simu yake, akakaa na Bi Hamisa siku mbili, kati ya ndege na ndege, wakarekodi sauti ya mama anayepiga simu kutoka Tanga. Kwa kuwa hawakujua Shani angepatwa na nini mbeleni, walirekodi nasaha zisizotaja jina wala tukio. "Usijibu leo, jibu kesho." "Mtazame anavyokula, utamjua." Zilifika kumi na nne. Zimetosha mpaka leo. Inaonekana matatizo ya watu si mengi kama wanavyodhani. Watazamaji walirudi, na Jesca akaeleza kwenye mkutano jinsi alivyobuni mkakati wa Tanga.

Miezi minne baadaye, Jumanne asubuhi, ilikuja simu ya Badru, mwanawe Bi Hamisa.

"Braza, mama hatunaye."

"Nakuja."

"Njoo. Ila..." Badru akasita. "Watu wameshaanza kuangaliana. Wakikuona na wewe, sijui."

Adelard alielewa. Katika jiji zima la Dar es Salaam, mtu aliyeweza kukifanya kifo hiki kiwe cha uongo kwa kutokea tu alikuwa yeye. Alikaa kwenye ngazi, hatua ya nne, akafikiri kutokwenda. Kisha akaiacha simu kabatini, akaenda.

Nje ya nyumba mikeka ilikuwa imetandikwa, na wanaume waliokaa hawakuzidi saba. Wengine walisimama barabarani, mikono kifuani, kama wanavyosimama siku za kurekodi.

"Prodyuza huyo," mtu akasema. "Si niliwaambia?"

Ndege ikapita. Barabara nzima ikanyamaza kuingoja iishe, kwa mazoea. Ndani ya nyumba, wanawake waliokuwa wakisoma Yasini hawakuingoja.

Mwinjuma alikuwa mlangoni pa karakana yake, penseli sikioni, randa mkononi, anatazama nyuma ya Adelard kuona kamera inatokea upande gani. Adelard alifika ukingoni mwa mkeka. Akainama, akafungua kamba za viatu, kimoja, kisha cha pili, akavipanga pamoja na vya wenzake, akakaa. Soksi ya kushoto ilikuwa imetoboka kwenye kidole gumba.

Mwinjuma alikitazama kile kidole kwa muda. Akaiweka randa chini, akavuka barabara, akaacha kandambili zake ukingoni, akakaa pembeni yake.

"Kumbe kweli," akasema taratibu. Halafu akageuka kuwaita wale wa barabarani.