Khatibu na Barabara Nyekundu ya Bankura

Khatibu, fundi sofa wa Bertrams, mtaa wetu huku ugenini, hajui Kibengali hata cha kuombea maji, na bado kila Jumapili baada ya alasiri anatutafsiria filamu za Kibengali. Anapunguza sauti ya filamu, anashika maikrofoni, anawasemea wote, wanaume kwa wanawake, kama watafsiri wa vibanda vya video kwao Tanga. Za Kihindi alizikwepa makusudi: wengi wetu tunadaka neno hapa na pale, tungemuumbua.

Anachokijua ni nchi yenyewe. Ametazama filamu nyingi zilizopigwa Bankura, magharibi ya Bengali, mpaka ile ardhi nyekundu ameikariri. Ikitokea miti mirefu ya mivumo kando ya bwawa, mtu anakaribia kwao. Mto ukikauka ukabaki mchanga, kuna kuachana. Kuna hekalu la udongo wa kuchoma ambalo limekuwa la kijiji tofauti katika kila moja ya filamu tatu, na yeye huwacheka wasanii wanaolipita kama wageni. Akikosea hatujui, wala hatutaki kujua.

Jumapili moja Chiku, mshonaji, akaja na Rafikul, muuza vitambaa wa Mayfair, mtaa mwingine wa jiji hili. Miaka kumi na minne ya kuwauzia Watanzania imempa Kiswahili safi.

"Eish, leo nimewaletea mwenyewe," Chiku akatangaza. "Huyu kwao ni Bankura."

Nilimwonea Khatibu huruma. Njia ya mwongo ni fupi, na akiumbuka leo, nani atamsikiliza tena? Yeye akapuliza maikrofoni, akaanza.

Ikafika barabara nyekundu, mivumo, bwawa. Mzee akamsimamisha mwanamke mwenye mtungi. "Mama yangu yu hai?" Khatibu akamsemea mzee. Kisha kwa sauti ya kike: "Umechelewa. Tulimzika mwaka jana."

Rafikul akafunika uso kwa viganja, akalia mpaka mwisho wa filamu.

"Kwani ndivyo walivyosema?" Chiku akamuuliza.

"Hapana, dada. Yule mzee aliuliza ng'ombe wake amepitia wapi."

Watu wakaguna. Khatibu hakuinamisha kichwa. "Mtu haulizi ng'ombe kwa uso ule," akasema.

Rafikul akajifuta machozi. "Barabara ile inaingia kijijini kwetu, fundi. Mama alizikwa mimi niko Mayfair napima vitambaa." Akaitazama skrini iliyozimwa. "Rudisha pale. Safari hii sema yu hai."