Kompyuta Yafunzwa Kupanga Mkonge, Bi Mwanamkasi Abaki na Siri Moja

Saa moja asubuhi, Bi Mwanamkasi Idarusi anachomoa singa chache za nyuzi katikati ya fungu la mkonge, anaziinua hadi usoni, kisha anasukuma fungu zima pembeni.

"Halijakauka hili," anasema.

Kijana aliyesimama karibu naye na daftari anauliza kwa adabu, "Umejuaje, mama?"

"Nimejua tu, Bwana Rizwan."

Anasema uongo.

Kwa miaka ishirini na mbili Bi Mwanamkasi, 46, amepanga madaraja ya mkonge katika ghala hili la upande wa Maramba. Tangu serikali ilipoiuzia familia ya Dharsi shamba hili mwaka jana, kati ya wafanyakazi 96 wamebaki 41. Mwezi uliopita Rizwan Dharsi, mtoto wa mwenye shamba, akaleta kompyuta.

Si ya kuchapia barua. Hii humuuliza karani maswali kumi na moja kuhusu fungu la mkonge: urefu, rangi, madoa na kadhalika. Kisha inaamua daraja yenyewe.

"Mashine haijui chochote ila tunachoiambia," anasema Rizwan. "Ndiyo maana namfuata mama huyu kila anakokwenda. Nataka ijue anavyojua yeye."

Hapo ndipo penye balaa. Ikishajua yote, Bi Mwanamkasi atakuwa wa kazi gani? Mumewe alipunguzwa mwanzoni kabisa, na mshahara wa mama wa shilingi 6,200 kwa mwezi unalisha watu watano. Mwandishi alipomuuliza Rizwan kama Bi Mwanamkasi atabakishwa, kijana alitazama daftari lake. "Hilo ni la baba," alisema.

Wiki iliyopita mama na mashine walishindanishwa kwa mafungu ishirini. Kumi na saba walikubaliana. Matatu kompyuta iliyapitisha, mama akayakataa. Yalipofunguliwa, ndani yalikuwa na unyevu.

Rizwan akaongeza swali la kumi na mbili: harufu. Alikuwa amemwona mama akiinua singa usoni, akadhani ananusa. Mama akamwacha adhani hivyo.

"Sinusi," anasema Bi Mwanamkasi wakati wa chai, akiwa ameketi nje ya ghala. "Mikono yetu ina sugu, haisikii unyevu. Shavu ndilo lisikialo. Wenzangu waliokuwa wakijua hayo wote washaondoshwa."

Mwandishi anamuuliza mbona hamwambii Rizwan.

"Nikisema najipalia makaa. Nisiposema, siku nikiondoka watafunga marobota mabichi. Robota bichi hupata joto melini, huoza, huweza hata kushika moto. Na mle melini mna watu. Usingizi siupati, wallahi."

Kumwambia mtu atoe akili yake yote bila kumwahidi hata siku moja ya kazi ni jambo gumu, hata likiombwa kwa adabu.

Kengele ya kazi ilipolia, mwandishi alimuuliza kama jina lake lifichwe gazetini. Alijifunga upya kanga yake.

"Usilifiche. Andika kuwa ni shavu. Bwana Rizwan husoma gazeti, ataiambia mashine yake, nami moyo utatulia. Nataraji atanibakisha niwafunze makarani wake. Na akinipunguza, basi watu wajue kampunguza nani."