Shakib Akienda Kuposa Kweli

Mtoto wa kaka yangu, Shakib, amekataliwa na wanawake mpaka sisi jamaa zake tumezoea. Ndiyo kazi yake. Anaigiza filamu fupi za mapenzi, hizo mnazotazama kwenye simu huku mandazi yenu yanaungua, na kila filamu yeye ndiye mchumba anayetimuliwa. Alianza hapa Busia akiwa bado anaendesha bodaboda. Katika ile ya kwanza alipeleka jogoo kwa wakwe. Jogoo akamponyoka, akavuka mpaka kwenda Kenya bila kitambulisho, naye akabaki analia kwa sauti nyembamba. Watu walicheka pande zote mbili. Hata askari wa mpakani wakimwona humwuliza, leo umekataliwa wapi?

Mimi nilifurahi, wallahi. Kijana anakula jasho lake. Lakini akampenda Hamidah wa Tororo, binti wa mzee Nasrudin anayebeba mbolea kwa malori kutoka kiwanda cha Osukuru, akaniomba mimi shangazi yake nikampose. Mzaha mzaha hutumbuka usaha. Nani atamwoza binti yake kwa kichekesho?

Na kweli, tulipoketi kwa mzee, nafungua mdomo tu, wajomba wa Hamidah wanacheka. Mmoja akachungulia chini ya kochi akitafuta kamera. Shakib akaapa kwamba safari hii haigizi, wakazidi kucheka. Maskini ya Mungu, akatokwa na machozi ya kweli, na kwa kuwa hulia vile vile kwenye simu, mzee Nasrudin mwenyewe akaangukia mto wa kochi akishika mbavu. Nilikasirika, nikataka kubeba kapu langu la sukari nirudi Busia.

Ila posa ina utaratibu wake, lazima binti aitwe aulizwe. Hamidah akatoka chumbani, akaketi mkekani karibu nami, hakucheka hata kidogo. Baba yake akajifuta macho, akamwuliza kama anamjua kijana huyu.

"Yule wa kwenye simu mnamjua ninyi, baba," akasema taratibu. "Huyu anayelia hapa namjua mimi, na ndiye ninayemtaka."

Kicheko kikakatika. Mzee akamtazama Shakib kwa muda, kama mtu aliyepokea mgeni sasa hivi, kisha akaagiza Fatiha isomwe. Mimi sikungoja isomwe, nikapiga vigelegele.