Kimya Nilichokikata kwa Mkasi

Siku ya kwanza kazini, pale Braamfontein, mtaa wa jiji kubwa huku kusini mwa Afrika, niliingia na mkasi wangu mwenyewe. Nilikuwa fundi wa nguo Joubert Park, na Mkuu wa Hifadhi ya Filamu, Mkenya mpole mwenye miwani, aliniajiri kwa sababu ya vidole. Mikanda yake ya zamani ilikuwa imechanika, naye alitaka mtu anayejua kuunga bila kuacha kovu. Nyinyi vijana mnafuta kosa kwa kubonyeza. Sisi tulikata kweli, tukaunga kwa gundi.

Kazi yangu kubwa ya kwanza ilikuwa kichekesho cha wakati wa vita, cha miaka si mingi baada ya filamu kuanza kusema. Ilikuwa nakala pekee iliyosalia. King'ora kinalia, watu wote wanakimbia, ila bibi mmoja, dobi, habanduki kwenye foleni ya mkate. "Nimesimama hapa tangu alfajiri," anasema. "Bomu nalo lipange foleni!" Kisha waigizaji wanatazamana tu, kimya. Ukingoni mwa mkanda kuna mstari mwembamba unaobeba sauti. Kila uliponyooka bila sauti, mimi niliona ni ziada. Fundi wa nguo akiona kitambaa kimezidi, hupunguza. Nilipunguza filamu nzima.

Mkuu aliwaita wafagiaji na walinzi waje kuijaribu. Bibi aliposema neno lake, chumba kizima kiliangua kicheko, na jibu la muuza mkate likamezwa.

"Eish, mama, huyo mzee amejibu nini?" mlinzi mmoja aliniuliza.

Mkuu akawasha taa. "Mama Neema, umekata nini?"

"Chef, nilikata tu fasi zenye hazina kitu," nilimjibu mkuu wangu kwa Kiswahili cha kwetu Kongo.

"Hizo ndizo zilizokuwa nafasi za watu kucheka," alisema polepole. "Waliziacha makusudi. Na hatuna nakala nyingine."

Lakini fundi wa nguo hatupi vipande: vyote vilikuwa kwenye kopo la biskuti chini ya meza yangu. Wiki mbili niliviunga, ukingo kwa ukingo, na hakuna aliyeuona mshono. Tangu hapo hakuna kichekesho kilichopita pale bila mkono wangu.

Mwaka jana nilistaafu. Nikaionyesha filamu ile kanisani kwetu, mtaani La Rochelle, na Kiswahili nilichokiandika mwenyewe chini ya picha. Wengi wetu tulitoka mashariki ya Kongo; foleni na mabomu tunavijua. Bibi akasema neno lake. Watu walicheka mpaka wakashikana mabega, nami nikalia kwa furaha. Na waigizaji wale, ambao wote wameshakufa, walisimama kimya wakitungoja tumalize.