Mama Pampu na Jirani Yake wa Mchangani

Jina la Mama Pampu lilitokana na kazi. Mwaka wa kumi na tisa huu alikuwa akiendesha mashine ya kusukuma maji ya mto kwenda mjini. Kila asubuhi, akishaiwasha, husimama dirishani na kikombe chake cha chai kumtazama jirani: mamba jike aliyefukia mayai mchangani, chini kidogo ya uzio.

"Shoga, hata leo huli?" humuuliza.

Mwezi wa tatu tangu atage ulikuwa unakwisha na mamba hajatia kitu mdomoni. Alilinda mayai yake usiku na mchana, akijisogeza kivulini jua likizidi, na kenge mwizi akinyemelea alitimuliwa mbio za aibu. Mama Pampu hucheka peke yake, kisha kicheko humkauka, maana hapo ndipo binti yake humjia akilini.

Mdomo wa Mama Pampu haukuwa na breki. Siku binti alipoacha chuo akaolewa bila kuaga, ulimponyoka mbele ya ndugu wote: "Usikanyage hapa mpaka nikuite!" Binti akatii. Mwaka wa tano sasa. Mama alitamani kumwona, lakini alijikausha. Aanze yeye kupiga simu, alijiambia, mimi ndiye mzazi.

Asubuhi moja, kabla hajawasha mashine, alisikia sauti nyembamba zikitoka ardhini, kama vifaranga waliofunikwa kapu. Watoto walikuwa wanalia ndani ya mayai. Mamba akafukua mchanga kwa miguu ya mbele, taratibu. Halafu akapanua mdomo, ule ule uliovunja shingo ya ng'ombe mwaka juzi, akawazoa watoto wachache wachache na kuwapeleka majini. Hakuna aliyepata hata mkwaruzo.

Mama Pampu akajikuta ameshika mdomo wake, machozi yanamtiririka. Chai ikapoa. Mjini mabomba yakakauka, msimamizi akapiga simu kuuliza kulikoni. Akamkatia, akabonyeza namba aliyoijua kwa kichwa.

"Haloo?"

Maneno yote aliyojipanga nayo yakamkimbia. "Mwanangu, nakuita. Njoo nyumbani."

Binti akaangua kilio. Nyuma yake ikasikika sauti ya kitoto ambayo Mama Pampu hakuwahi kuisikia: "Mama, ni bibi? Ametuita?"